Naomba ushauri: klachi inateleza, nibadilishe pleti tu au seti nzima?

Wakuu, habari za kazi. Nina Hiace ya dizeli, gia za mkono, inabeba bidhaa za duka kutoka Morogoro kwenda Iringa. Ikipanda mlima Kitonga na mzigo injini inanguruma tu, mwendo hauongezeki, na harufu ya kuungua inajaa ndani. Pedali imeshasetiwa upya, hali ni ileile. Nikivuta handibreki, nikaweka gia ya tatu na kuachia klachi taratibu, injini haizimi.

Fundi mmoja anasema nibadilishe pleti tu (sahani ya msuguano ya klachi). Mwingine anataka pleti, presha (kifuniko chenye springi kinachobana pleti) na beringi ya klachi kwa pamoja, maana kazi kubwa ni kushusha gia boksi. Namwelewa, ila mfuko unabana.

Presha ya zamani inakaguliwaje kujua bado inafaa? Na flaiwili (gurudumu zito la injini ambalo pleti hubanwa juu yake) ikikutwa na madoa ya bluu, inachongwa au inabadilishwa?

Natanguliza shukrani.