Naomba ushauri: kubadilisha albamu ambayo tayari imetoka

Habari zenu wakuu. Nipo Kirumba, Mwanza, namalizia albamu ya hip hop. Nyimbo za mwanzo ni sala, za mwisho ni majigambo matupu. Mgongano huo nimeutaka, ndiyo roho ya kazi. Kinachonisumbua ni umbo lake. Rapa wa Marekani Kanye West alitoa albamu ya The Life of Pablo Februari 2016, akaendelea kuirekebisha ikiwa tayari mtandaoni, na Juni akaongeza wimbo. Nami natamani albamu inayokua hivyo, beti za Kisukuma ziingie baadaye. Prodyuza wangu anasema kazi ikitoka imetoka. Msambazaji, yule anayepeleka nyimbo zangu mtandaoni, nimemwandikia, kimya. Je, nikibadilisha miksi, yaani jinsi sauti na ala zilivyochanganywa, hesabu ya waliousikiliza wimbo inabaki au inaanza sifuri? Na nyinyi mngekubali wimbo mliouzoea ubadilike?