Waasisi wa Hollywood: makumbusho yaandike na mabaya yao?

Mpenda Picha: Wakuu, Makumbusho ya Akademi ya Los Angeles (wale watoa tuzo za Oscar) yalifunguliwa 2021, wahamiaji wa Kiyahudi walioanzisha studio kubwa wakaachwa pembeni. Kelele zikapigwa, Mei 2024 wakatengewa maonyesho yao. Humo Harry Cohn wa studio ya Columbia akaandikwa dhalimu, Jack Warner wa Warner Bros. mkware. Mwezi uliofuata ikaja barua ya malalamiko, makumbusho yakakubali kubadili maandishi. Mimi nasema yalikosea kukubali. Mwanahistoria Neal Gabler aliandika kitabu juu ya watu haohao 1988, ubunifu na ukatili wao vyote vimo.

Kalamu Nzito: Kitabu kina nafasi ya kueleza, ukutani ni mistari mitatu. Waliolalamika walisema kwenye makumbusho yote ni waasisi hawa tu waliosifiwa huku wanachafuliwa. Ila tusiwakuze pia. Walikuwa wauza glavu na manyoya wasio na shule, wakaangukia bahati.

Mtoto wa Kariakoo: Bahati? Carl Laemmle alifika Marekani toka Ujerumani ana miaka 17, akasimamia duka la nguo Oshkosh, Wisconsin. 1906 akafungua kijisinema Chicago. 1908 mvumbuzi Thomas Edison na wenzake wakaunganisha hataza zao, yaani haki za uvumbuzi wa mitambo ya filamu: kila mwenye ukumbi alipie mashine ya kuonyeshea dola 2 kwa wiki. Laemmle akagoma, wakamburuta mahakamani kesi juu ya kesi, na 1912 bado akaanzisha studio ya Universal na wenzake. 1915 mahakama ikaamua ule umoja wa Edison ni haramu. Aliyesimama kaunta anamjua mteja anapotoa senti 5 yake ya kiingilio na anaponuna. Hilo hulipati darasani.

Kalamu Nzito: Mkuu, sijawatukana wenye maduka. Punguza jazba.

Mtoto wa Kariakoo: Umewatukana. Baba yangu aliishia darasa la nne na ametusomesha wote kwa duka.

Bint Tanga: Mnagombea duka, mwanamke hatajwi. Alice Guy-Blaché alianza kuongoza filamu Ufaransa miaka ya 1890, Marekani akaanzisha kampuni ya Solax na kujenga studio Fort Lee, New Jersey. Baadaye filamu zake nyingine zikahesabiwa za wanaume. Gabler kaandika walioshinda, na nyie mnawafuata haohao.

Mtoto wa Kariakoo: Dada, Fort Lee si Hollywood.

Bint Tanga: William Fox, mwenye studio ya Fox, naye alipigia picha Fort Lee kabla ya kuhamia magharibi. Yeye mwasisi, mama wa watu mpita njia?

Mpenda Picha: Jamani, swali ni maandishi ya makumbusho.

Mtoto wa Kariakoo: Basi waandike kwamba miaka ya 1930 Laemmle alidhamini mamia ya Wayahudi watoke Ujerumani ya Hitler. Wakimaliza hilo ndipo waseme alijaza ndugu zake studio.

Kalamu Nzito: Aliwajaza kweli, watu wakalipwa mishahara kwa jina la ukoo. Nalo tulifiche?

Mtoto wa Kariakoo: Wahamiaji wale, milango ya mabenki na ofisi za wakubwa imefungwa, nani mwingine angewapa kazi? Nijibu hilo kwanza.