Naomba ushauri: mama anabanwa kifua usiku, je, ni pumu au ni moyo?

Binti wa Mwaloni (saa 1:40 usiku)

Wanajamvi, habari za jioni. Naandika nikiwa na hofu, kwa hiyo mnivumilie nikirefusha. Mama yangu ana miaka 61, na kwa zaidi ya miaka 25 amebanika sangara na sato kwenye matanuri ya kando ya ziwa, kazi iliyotusomesha sisi watoto watano. Sasa anaishi kwangu Bugarika, juu kwenye mawe. Zamani alikuwa akiupanda mlima huu kutoka barabarani na ndoo kichwani bila kusimama, ila leo hupumzika mara tatu kabla ya kufika mlangoni. Usiku hulala akiwa ameegemea mito mitatu, na ikifika kama saa saba huamka akihema, kifua kikipiga miluzi, akaomba dirisha lifunguliwe.

Miaka miwili iliyopita tuliambiwa ni pumu, akapewa pampu, ambayo humsaidia kidogo. Mwezi uliopita, mahali pengine, alipimwa moyo kwa mashine ya picha, tukaambiwa umepanuka na nguvu zake zimepungua, akaandikiwa furosemidi, dawa ya kupunguza maji mwilini, na kupewa tarehe ya kurudi. Miguu iliyokuwa imevimba imepungua kiasi. Swali langu ni moja: tumwamini nani kati ya hawa wawili, ili tuache dawa za ugonjwa ambao hana? Jumamosi nakusudia kumpeleka Nansio, kisiwani Ukerewe, kwa mama mdogo, akapumzike mbali na kelele za mjini.

Mzee wa Kamanga (saa 1:58 usiku)

Binti yangu, pole sana. Sisi tunaokula samaki wa moshi hatujawahi kujiuliza moshi huo unaishia wapi. Marehemu mke wangu alibanika samaki tangu akiwa msichana. Alikohoa miaka mingi, tukadhani ni kifua kikuu, akapimwa makohozi mara mbili na hayakuonyesha kitu. Mwishowe daktari alitueleza kwamba moshi ulikuwa umeharibu mirija midogo ya hewa, nayo haikuweza tena kufunguka kama zamani. Miguu ilipoanza kuvimba mimi nikasema ni figo, kumbe mapafu yalikuwa yameuelemea moyo upande wa kulia, ule unaosukuma damu kwenda kwenye mapafu hayo hayo. Ushauri wangu ni kwamba mama asirudi tena kwenye tanuri, hata kama atakuambia anakwenda kusalimia tu. Na kayabo asile. Samaki yule ana chumvi nyingi mno kwa mtu mwenye moyo mchovu.

Mama Kulwa (saa 2:06 usiku)

Dada, angalia dawa kabla ya kuangalia ugonjwa. Baba yangu alianzishiwa kaptoprili kwa ajili ya presha, na baada ya wiki chache akaanza kikohozi kikavu kisichokoma usiku wala mchana. Tulimnunulia dawa za kikohozi za kila rangi, tukamkataza maji baridi, shangazi akaleta majani kutoka Magu. Siku alipobadilishiwa dawa ya presha, kikohozi kilianza kupungua, na baada ya wiki kadhaa kikaisha. Tangu hapo mtu akiniambia kifua, mimi namwomba anionyeshe vidonge vyake.

Dereva wa Usagara (saa 2:11 usiku)

Mimi niulize kama mama anakoroma. Nilikuwa nikikoroma mpaka watoto wakahama chumba, na mke wangu akawa ananiamsha akiogopa kwa sababu pumzi ilikuwa inakatika kabisa, kisha inarudi kwa kishindo. Presha yangu haikushuka kwa dawa tatu. Niliambiwa kwamba koo hujifunga nikiwa usingizini, hewa safi hupungua katika damu, na moyo hushtuka kila mara kana kwamba nakimbizwa. Nilipopunguza uzito na kuacha kulala chali, hali ilibadilika. Nasema haya kwa sababu njia ya hewa inaweza kuziba hata juu kooni.

Tabibu wa Zamu (saa 2:25 usiku)

Ndugu mleta uzi, swali lako limejengwa juu ya dhana ambayo si lazima iwe kweli, yaani kwamba mmoja kati ya wale wawili amekosea. Mtu aliyevuta moshi wa kuni kwa miaka 25 anaweza kabisa kuwa na mirija ya hewa iliyobanwa na moyo ulioshindwa kwa wakati mmoja. Tena moyo pekee unaweza kuigiza pumu: upande wa kushoto ukishindwa kusukuma, damu hurudi nyuma na kujaa kwenye mapafu, maji hupenya, kuta za mirija huvimba, na kifua hupiga miluzi ile ile. Kuamka usiku na kutafuta nafuu kwa kukaa kunaelekeza zaidi kwenye moyo, lakini miluzi peke yake haitoshi kumhukumu yeyote. Kipimo cha kupuliza hewa ndicho kinachosaidia upande wa mapafu. Mgonjwa akishavuta dawa ya kufungua mirija, hutakiwa kupuliza kwa nguvu, na iwapo hewa inayotoka katika sekunde ya kwanza bado haifiki asilimia 70 ya hewa yote anayoipuliza, kuna mbano usiofunguka.

Sasa nijibu mambo mawili. Hali hii ya kuamka usiku ilianza kuwa mbaya lini hasa? Na mama anameza nini, kidonge kwa kidonge, pamoja na vile ambavyo hakuandikiwa?

Binti wa Mwaloni (saa 2:40 usiku)

Asante tabibu. Imekuwa mbaya katika siku hizi za karibuni. Dawa ni zile nilizozitaja, pamoja na nyingine za kawaida tu. Ningependa zaidi kujua kuhusu safari ya Nansio, kwa sababu nimekwisha kumwahidi mama mdogo.

Tabibu wa Zamu (saa 2:44 usiku)

Hakuna dawa ya kawaida tu. Nitajie majina, na useme kila moja imetoka wapi.

Binti wa Mwaloni (saa 3:05 usiku)

Sawa. Siku kumi zilizopita nilinunua propranololi kwenye duka la dawa hapa mtaani, miligramu 40, asubuhi na jioni. Jirani yetu anaitumia kwa moyo wake mwaka wa tatu sasa na ni mzima. Wakati huo huo nilimsimamisha mama pampu, kwa sababu kila akivuta alikuwa anatetemeka mikono na moyo unakimbia, na mimi nilikuwa nimeambiwa tayari kwamba moyo ndio mgonjwa. Sikufanya kwa kubahatisha. Nina mashine ya kupimia presha, na mapigo yalikuwa 112, sasa yako 70. Mama mwenyewe alisema moyo umetulia. Kama ningekuwa nimekosea, mapigo yangeshukaje vizuri namna hiyo?

Tabibu wa Zamu (saa 3:12 usiku)

Mapigo yameshuka kwa sababu hiyo ndiyo kazi ya dawa hiyo, na kushuka kwake hakumaanishi kwamba mama anapumua. Moyo na mirija ya hewa vina vipokezi vinavyofanana, yaani sehemu ambazo dawa hushika. Salbutamoli iliyo ndani ya pampu huamsha vile vya mirija ili ifunguke, na kiasi kidogo hufika kwenye moyo ukakimbia. Hapo ndipo ulipotokea ule mtetemeko na yale mapigo. Propranololi huzima vyote viwili bila kuchagua, hivyo inapotuliza moyo huwa pia inaifungia mirija mlango, na hata pampu ikitumika baadaye haifanyi kazi kwa nguvu zake zote. Zaidi ya hapo, moyo uliopanuka hauanzishiwi dawa za jamii hii kwa dozi kubwa. Zipo zinazoelemea zaidi upande wa moyo, kama bisoprololi, ambazo daktari huanza nazo kwa miligramu 1.25 na kuzipandisha polepole, mgonjwa akiwa ametulia. Jirani yako ana moyo wake na mapafu yake.

Safari ya Nansio iache. Mtu anayehema namna hii hapaswi kuwa katikati ya maji kwa saa kadhaa, mbali na oksijeni. Kidonge kinachofuata cha propranololi usimpe kabla hajaonwa na daktari. Mpe pampu yake, mkalishe wima, tafuta usafiri umpeleke hospitali usiku huu, na dawa zote zibebe katika mfuko mmoja. Ukifika, kabla hujaulizwa, mwambie daktari kuhusu hiyo propranololi.

Mwananzengo (saa 3:20 usiku)

Naomba radhi kwa nitakayosema, lakini uzi huu unanitia shaka. Katika ujumbe wa kwanza ameandika kwamba pampu humsaidia mama kidogo, kana kwamba bado anaitumia, na sasa tunaambiwa ilisimamishwa siku kumi zilizopita. Mapigo anayajua kwa tarakimu. Moshi, pumu, moyo na propranololi vimepangwa sawasawa kama swali la mtihani wa wanafunzi wa utabibu. Nimewahi kuona mtu akitunga mgonjwa ili watu wamfanyie kazi ya darasani, na wengine tukakesha tukiomba dua kwa mtu asiyekuwepo. Mleta uzi atuambie ukweli.

Mama Kulwa (saa 3:24 usiku)

Kaka Mwananzengo, hata kama ni mtihani, majibu yake yatamfaa mtu mwingine anayesoma usiku huu. Na kama si mtihani, unamchelewesha mtu kutoka nyumbani.

Mzee wa Kamanga (saa 3:27 usiku)

Binti, usijibu. Nenda.

Binti wa Mwaloni (saa 3:31 usiku)

Nimeshampigia bajaji, inashindwa kupanda hadi hapa, kwa hiyo kaka zangu wawili wanakuja kumshusha kwa kiti. Nitajibu wakati tunawasubiri. Ndugu Mwananzengo, umeona sawa kwamba maneno yangu hayakupatana. Niliandika kwamba pampu humsaidia kwa sababu nilikuwa naona aibu kuandika kilichotokea. Ameiomba mara nyingi, na juzi aliiomba akilia. Nilimwambia imekwisha. Haikuisha. Iko juu ya kabati, niliificha mimi kwa mikono yangu, kwa kuwa niliamini namlinda moyo wake. Tarakimu nazijua kwa sababu huziandika kila asubuhi kwenye daftari la shule la mwanangu.

Tabibu wa Zamu (saa 3:34 usiku)

Daftari hilo libebe pia. Mpe pampu sasa, na wanapomshusha awe ameketi, wasimlaze hata kidogo. Na mkifika, wakimwekea oksijeni kidogo kidogo usiwagombeze. Kwa mtu ambaye mirija yake imebanwa kwa miaka mingi, kiwango cha oksijeni ya damu kinacholengwa kwenye kile kipimo cha kidoleni huwa asilimia 88 hadi 92, kwa kuwa oksijeni ikizidi inaweza kumletea shida nyingine.

Binti wa Mwaloni (saa 4:50 asubuhi)

Wanajamvi, tulilazwa. Alipofika alikuwa hawezi kumaliza sentensi. Wamempa mvuke wa kufungua mirija na sindano ya kupunguza maji, na propranololi imesimamishwa. Daktari alilisoma daftari ukurasa kwa ukurasa, wala hakunikaripia, ingawa nilikuwa nimejiandaa kukaripiwa. Amesema magonjwa yote mawili yanaonekana yapo, na kwamba kipimo cha kupuliza kitafanyika akishatulia, ndipo wataamua dawa ya moyo itakayoanza kwa kiasi kidogo. Wamechukua pia makohozi, kama alivyosema mzee. Mama mdogo anavuka leo kutoka Nansio kuja huku.

Kuhusu kayabo, alikuwa akila karibu kila siku. Mimi ndiye niliyekuwa nanunua.

Alipopata pumzi ya kuongea, kitu cha kwanza alichouliza ni kama pampu mpya imenunuliwa. Nilimwambia ni ile ile, na nikamweleza ilikuwa wapi. Alinitazama kwa muda, akaipokea, akaiweka chini ya mto upande wa ukutani, mahali ambapo mkono wangu haufiki.