Nyumba imepigwa X ya kubomolewa, mama anatakiwa asaini fomu ya fidia. Tufanyeje?

MtotoWaKihamba: Wakuu, habari za jioni, shikamooni mlionizidi. Kwetu ni Moshi, kihamba (shamba letu la ukoo) kiko kando ya barabara inayotaka kupanuliwa. Wathamini walipita, wakahesabu migomba na kahawa, wakapima nyumba, wakampiga mama picha ameshika kibao chenye namba. Juzi kaletewa karatasi: jumla milioni 31, asaini. Mama anasema "ardhi ni ya serikali mwanangu, hailipwi, tushukuru hata hicho". Mimi roho inagoma. Halafu babu amezikwa humo humo.

Kibororoni_Boy: 31 na unalalamika? Leta nisaini mimi 😂

DerevaWaNoah: X ya rangi gani? Kijani ni fidia, nyekundu unaambiwa ulivamia hifadhi ya barabara, unabomoa bila senti.

MtotoWaKihamba: Nyumba kijani. Kiduka cha mbele nyekundu.

Mama_Wawili: Basi kiduka andika maumivu. Zamani hifadhi ilikuwa mita 22.5 kutoka katikati ya barabara, sheria ya barabara ya 2007 ikaisogeza hadi 30. Waliokutwa kwenye zile 7.5 za nyongeza ndio wenye kijani. Lakini chukueni futi kamba mpime wenyewe, sisi Arusha jirani yetu alipima akakuta rangi imekosewa.

MthaminiMstaafu: Kijana, mama yako anaongea ya enzi zake. Kabla ya sheria za ardhi za 1999 ulilipwa ulichojenga na ulichopanda, basi. Sasa ardhi yenyewe ina thamani, na fidia inatakiwa iwe kamili, ya haki na ya haraka.

Usigombane na ile 31. Omba mchanganuo. Bei ya soko ya ardhi na nyumba ni mwanzo tu. Kanuni za 2001 zinaongeza posho ya makazi, yaani kodi ya mwezi ya nyumba kama hiyo mara 36. Nyumba ya kupanga kwa 80,000 ni 2,880,000. Kuna posho ya usafiri, gharama ya kuhamisha tani 12 za mizigo ndani ya kilomita 20. Kuna posho ya usumbufu, hiyo hufuata riba ya amana za benki. Karatasi yako imetaja nyumba, mazao na ardhi tu?

MtotoWaKihamba: Ndiyo mzee. Posho hakuna hata moja.

MthaminiMstaafu: Hapo ndipo pa kushika. Mama asisaini kabla hajahesabu mwenyewe mche kwa mche, maana mgomba ulioachwa leo hauongezwi kesho. Kwa bei ya ardhi, tafuteni hati za mauziano ya viwanja vya jirani. Andikeni barua ya malalamiko, nakala igongwe muhuri wa kupokelewa. Na msijenge wala kupanda kipya sasa hivi, hakitalipwa.

Kibororoni_Boy: Wakikaa nayo miaka je? Mjomba wangu alisubiri mpaka bati likapanda bei mara mbili.

MthaminiMstaafu: Mthamini Mkuu wa Serikali akishaidhinisha uthamini, fidia ilipwe ndani ya miezi 6. Ikizidi, riba inaanza kuhesabiwa. Ikipita miaka 2, uthamini unarudiwa.

WakiliMtaani: Mkishindwana kabisa ni Mahakama Kuu, na lazima kwanza notisi ya siku 90 kwa serikali. Ni safari ndefu, mimi ningemaliza kwa barua. Makaburi yana sheria yake ya 1969: gharama za kufukua, kusafirisha na kuzika upya zinalipwa, hata za matambiko.

MtotoWaKihamba: Asanteni sana. Nimempigia mama, karatasi kaificha chini ya godoro, Jumamosi napanda basi tukahesabu. Hiyo ya matambiko imemfurahisha kuliko zote. Anauliza mbege (pombe yetu ya ndizi) na mbuzi viandikwe kwenye barua au vinajulikana tu?

WakiliMtaani: Viandikwe. Na idadi ya madebe.