Yule koplo anayempiga Tuco ni nani, na aliishia wapi?

Mkazi wa Majengo, Moshi

Wakubwa shikamooni, na wenzangu habari za leo. Naomba msaada wa wanaozifahamu picha za kauboi zilizotengenezwa na Waitaliano. Katika The Good, the Bad and the Ugly ya mwaka 1966 yumo askari mmoja mnene mwenye ndevu, Koplo Wallace, anayemshushia Tuco, yule jambazi anayeitwa "the Ugly", kipigo kikali katika kambi ya wafungwa huku mateka wengine wakilazimishwa kupiga muziki nje ili mayowe yasisikike. Sura hiyo hiyo nimeiona katika A Fistful of Dollars ya mwaka 1964 na For a Few Dollars More ya mwaka 1965, kila mara upande wa adui, na kila mara anakufa kabla picha haijaisha. Kinachonitatiza ni kwamba jina lililoandikwa kwenye picha ya kwanza, ya 1964, halifanani na lile la picha ya tatu, ya 1966. Je, ni mtu mmoja? Na watu wa namna yake, ambao si steringi wala adui mkuu, waliwahi kupanda hadhi?

Mzee wa Kaloleni, Arusha

Marahaba, kijana. Ni mtu mmoja, naye anaitwa Mario Brega. Alizaliwa Roma mwaka 1923 na alifanya kazi ya kuuza nyama buchani kabla ya kuingia katika sinema, ambako umbo lake lilimpatia nafasi za mabaunsa na wakatili. Katika picha ya mwaka 1964 aliandikwa Richard Stuyvesant, kama vile mwongozaji Sergio Leone alivyojiandika Bob Robertson na mtunzi wa muziki Ennio Morricone akajiita Dan Savio, kwa kuwa soko la wakati ule liliamini kwamba picha ya kauboi ni mali ya Wamarekani. Sisi tuliokuwa tukiingia ukumbi wa sinema wa Metropole hapa mjini hatukusumbuliwa na majina hayo hata kidogo. Tulimjua steringi, tulimjua adui, na waliobaki wote walikuwa "wale wengine".

Lakini hebu vitazame vifo vyake kwa makini. Katika picha ya kwanza analaliwa na pipa kubwa linaloporomoshwa juu yake. Katika ya tatu amefungwa pingu pamoja na Tuco ndani ya treni. Tuco anaruka naye, anamuua pale chini, kisha, kwa kuwa hana ufunguo, anaulaza mnyororo juu ya reli na kuacha treni nyingine ipite iukate. Tuco, yaani Eli Wallach, ndiye anayesifiwa kwa ujanja huo, ilhali tukio zima linategemea uzito wa marehemu. Angekuwa koplo mwembamba, nani angeamini kwamba Tuco hawezi tu kumbeba begani akaondoka naye?

Fundi Sauti, Njiro

Nakubaliana na mzee, ila naomba niongeze jambo la upande wangu. Picha hizo zilipigwa bila kutegemea sauti ya eneo la tukio. Katika nyika ya Tabernas, mkoa wa Almería nchini Hispania, kila mwigizaji aliweza kusema kwa lugha yake, na sauti zikaingizwa baadaye studio. Kwa hiyo sisi tunaotazama matoleo ya Kiingereza tunamwona Brega bila kumsikia, jambo ambalo watu waliokulia kwenye vibanda vya video, ambako mtafsiri mmoja aliwasemea wahusika wote, hawataliona geni.

Nafasi yake ilibadilika aliporuhusiwa kusema. Mwaka 1980 Leone alimdhamini kijana wa Roma, Carlo Verdone, aongoze picha yake ya kwanza, Un sacco bello, na humo Brega ni baba mkomunisti anayetaka kumrudisha nyumbani mwanawe aliyegeuka hipi. Mwaka uliofuata, katika Bianco, rosso e Verdone, ni dereva wa lori ambaye kwa mikono ile ile iliyompiga Tuco anamchoma bibi kizee sindano kwa upole wa ajabu, kisha anajisifu kwa lafudhi nzito ya mitaa ya Roma. Kwa maoni yangu hapo ndipo alipokuwa mwigizaji. Zile za jangwani zilikodi mwili wake tu.

Dada wa Rau, Moshi

Kaka, hapo umeenda mbali. Kuingiziwa sauti hakumzuii mtu kuigiza, na ushahidi uko katika picha hizo hizo. Mtazameni Luigi Pistilli, aliyezaliwa Grosseto mwaka 1929 na kusomea uigizaji katika shule ya Piccolo Teatro ya Milano. Mwaka 1965 ni Groggy, jambazi katika genge la Indio, adui mkuu wa For a Few Dollars More. Mwaka 1966 ni Padri Ramírez, kaka yake Tuco. Katika monasteri wanalaumiana juu ya wazazi waliokwisha kufa, wanapigana, na Tuco akishageuza mgongo, padri anamwomba msamaha kimyakimya. Macho yanatosha, hata ukizima sauti kabisa. Huyo hakusubiri hadi mwaka 1980, na katika miaka ya 1970 alipewa nafasi kubwa katika picha za mauaji ya kutisha.

Mzee wa Kaloleni, Arusha

Binti yangu, naipokea hoja yako nusu. Pistilli alikuwa na chuo nyuma yake. Brega alikuwa na bucha, na hatuwezi kuwapima kwa mizani moja. Kijana aliuliza kama walipanda. Brega hakuwa steringi hata siku moja, lakini mwaka 1982 Verdone alimchukua tena katika Borotalco, na mwaka 1984 Leone akamrudisha katika Once Upon a Time in America kama mmoja wa majambazi wanaomsaka Noodles, mhusika mkuu. Mwongozaji hamwiti mtu tena baada ya miaka ishirini kwa sababu ya kitambi. Alifariki mwaka 1994. Kijana, ukiipata ile ya dereva wa lori, hakikisha ina maandishi ya tafsiri, kwa sababu Kirumi chake huwa kinawapiga chenga hata Waitaliano wa mikoa mingine.