Kugawanya desimali kwa mkono: bado tuwasumbue watoto wa gredi 7 na kalkuleta iko kwa simu?

Mzazi wa Shabab (Nakuru):
Wazazi wa Nakuru na huko magharibi hebu tuongee hii maneno, maana kwangu kila jioni ni vita. Kijana yuko gredi 7 na homuweki ni kugawanya desimali kwa ile njia ndefu ya kushusha namba mpaka karatasi inaisha, 15.96 kwa 0.42, na ticha amesema hataki kuskia kalkuleta. Msimamo wangu ni mtoto aelewe kugawanya ni nini, afanye hesabu chache aone vile inaenda, halafu apewe kalkuleta maisha yaendelee. Hata KCSE, mtihani wa kumaliza sekondari, kalkuleta inaruhusiwa isipokuwa pale swali lenyewe limekataza, na KCPE ya kumaliza msingi iliyokuwa haiitaki kabisa tuliizika 2023. Sasa hii mateso ni ya nani? Anayepinga alete sababu, asiniambie tu ati sisi tulifanya na hatukufa.

Ticha wa hesabu, Kakamega:
Mzazi, hapo kwa "isipokuwa" umepita mbio sana. Pepa ya kwanza ya KCSE imezoea kuanza na swali la "bila kutumia kalkuleta", na hapo ndipo unakuta desimali zimejaa juu na chini. Lakini tuache mtihani. Kushusha namba watoto wanaweza, kinachowaangusha ni pointi. 15.96 kwa 0.42 unasogeza pointi mara mbili pande zote, inakuwa 1596 kwa 42, jibu 38. Inaruhusiwa kwa sababu umezidisha zote mbili kwa 100 kwa hivyo jibu halijaguswa. Yule asiyejua hiyo sababu anasogeza upande mmoja peke yake, anapata 0.38, na anafunga kitabu anaenda kucheza. Kuna ingine, 6.12 kwa 0.3. Inakuwa 61.2 kwa 3, sawa, 6 kwa 3 ni 2, 1 kwa 3 haiendi, badala aandike sufuri juu anashusha tu ile 2 na kuandika 4, jibu lake 2.4 na ukweli ni 20.4. Hii naisahihisha kila muhula na sioni ikiisha.

Boda wa Kondele:
Mwalimu heshima yako, lakini huku steji hakuna mtu anashusha namba. Bei ya petroli inatoka na pointi zake kila tarehe 14, tuseme lita ni 184.50 na mimi naweka ya 200. Najua ni lita moja na kitu kidogo. Pampu ikisoma 1.08 naenda, ikisoma pointi nane hapo lazima tuongee. Hiyo sikufundishwa na karatasi.

Mzazi wa Shabab:
Omera, ndugu yangu, umenisaidia sana. Dunia imesonga, ni shule zetu tu zimebaki nyuma.

Msomaji, Milimani Nakuru:
Dunia gani hiyo? Uingereza waliitoa kalkuleta kwa mtihani wa mwisho wa shule ya msingi mwaka 2014, hawakuingiza. Sisemi tuwaige, nasema tu hiyo ya dunia imesonga ipunguze.

Mzee wa miwa, Muhoroni:
Wanangu, mimi nilipeleka tani 12.4 na tulikuwa tumeambiwa 5,000 kwa tani. Karatasi ikaja imeandikwa 55,800 kabla ya makato. Nikachukua kalamu nikagawanya hapo hapo kwa ofisi, 558,000 kwa 124, ikaingia 4,500 bila baki. Karani hakuwa na la kusema.

Boda wa Kondele:
Mzee wangu, hata kabambe, ile simu ndogo ya vitufe, iko na kalkuleta. Na kwani ulihitaji kugawanya ya nini, si ungezidisha 12.4 kwa 5,000 uone ni 62,000, mchezo umeisha?

Mzee wa miwa, Muhoroni:
Nikizidisha nitajua nimepunjwa 6,200, lakini sitajua ni kwa njia gani. Nilipogawanya ndio nikaona wametumia bei ya zamani. Ningesema tu pesa ni kidogo wangeniambia ni makato ya usafiri nikarudi nyumbani.

Nesi, Busia:
Naingilia kidogo. Paracetamol ya maji ile ya miligramu 120 kwa mililita 5 ni 24 kwa kila mililita. Mtoto wa kilo 10 kwa miligramu 15 kwa kilo anataka 150, sasa 150 kwa 24 ni mililita 6.25. Wodini hatufanyi kwa mkono, ni kalkuleta na mwenzako anaangalia tena. Lakini kidole kikiteleza isome 62.5 kalkuleta haitakuambia kitu, ni wewe unafaa kushtuka kwa sababu 150 kwa 25 ni 6. Nimefanya kazi na vijana wenye hawashtuki.

Fundi wa tailisi, Nakuru:
Mimi pointi nilishaziacha. Ukuta wa mita 3.75, tailisi ya 0.3, nasema sentimita 375 kwa 30, ni kumi na mbili na nusu, nunua 13 kila mstari.

Ticha wa hesabu, Kakamega:
Fundi hujaziacha, umesogeza pointi mara mbili pande zote kama vile nimeandika hapo juu 😂

Mzazi wa Shabab:
Sawa, nesi na mzee wamenibana kidogo. Lakini ticha, huyu wangu alipewa thelathini kwa usiku mmoja, hiyo nayo utaitetea?

Ticha wa hesabu, Kakamega:
Siitetei. Tano zinatosha, na kabla ashike kalamu akuambie kwa mdomo jibu litakuwa karibu na ngapi, kama 16 kwa 0.4 ni 40, ndio aanze. Akimaliza apewe kalkuleta ahakikishe mwenyewe. Thelathini ni za mwalimu aliyechoka.

Mzazi wa Shabab:
Hiyo naweza kuishi nayo, ingawa kwangu bado kalkuleta ingetoka mapema. Kuna moja amekwama saa hii, 10 kwa 0.3, ameshajaza ukurasa na bado anashusha sufuri.

Ticha wa hesabu, Kakamega:
Mwambie aache! Ni 100 kwa 3, baki itakuwa 1 mpaka asubuhi. 33.3, nukta moja juu ya ile 3 ya mwisho, alale.