Dogo ni straika, timu mbili zinamtaka na wakala anadai milioni 6.5. Tuuze kiwanja au tuache?

Maghorofani

Habari za jioni wakuu. Nimejaribu kufupisha nimeshindwa, mnivumilie.

Nina mdogo wangu, kitinda mimba kwetu, ametimiza miaka 20 mwezi wa nne. Ni mshambuliaji, namba tisa. Alianzia mchangani hapa Morogoro, akachukuliwa na timu moja ya Championship, ligi ya daraja chini ya Ligi Kuu, na msimu uliokwisha amefunga mabao 11. Mkataba wake umeisha mwezi uliopita, yuko huru. Tangu hapo simu haitulii.

Kuna timu kubwa ya Dar, sitaitaja. Wanampa miaka 3, fedha ya usajili milioni 15, mshahara milioni 1.2 kwa mwezi. Tatizo ni kwamba pale mbele wana wageni watatu na hakuna hata mmoja anayeondoka.

Kuna timu ya Ligi Kuu ya mkoani. Mwaka mmoja, milioni 4 na mshahara laki 7. Kocha wao amekuja kumtazama mara nne, mara moja alikuja na basi la abiria kama sisi.

Ya tatu ndiyo inayotunyima usingizi. Kuna mtu anajiita wakala, anasema amemtafutia majaribio ya wiki 3 kwenye klabu ya Ulaya Mashariki. Anataka milioni 6.5 za viza, tiketi na kitu anachokiita kufungua faili. Mama mkubwa na wajomba wameshakaa kikao: kiwanja cha marehemu baba kiuzwe, mtoto akawe Samatta, yule straika wetu aliyefika Uingereza. Hati ninayo mimi. Dogo ukimuuliza anasema "nyie amueni tu", halafu anarudi kwenye simu.

Nifanyeje?

Tozi wa Mchikichini

Uzeni. Akifika Ulaya mtatuchimbia kisima humu. Akiishia uwanja wa ndege, mtakuwa mmesoma.

Goti Bovu

Mkuu, achana na huyo hapo juu.

Mimi nilikuwa winga, wakanigeuza mshambuliaji wa kati. Nikiwa na miaka 21 nilisajiliwa dirisha dogo, usajili wa katikati ya msimu, na timu kubwa. Siku ya kusaini nilipigwa picha nyingi kuliko siku ya harusi yangu. Msimu mmoja na nusu nimecheza dakika 94, nazikumbuka zote, na 31 kati ya hizo ni mechi moja ambayo tulishaongoza 4-0. Straika anayesugua benchi anaoza haraka kuliko beki. Beki ukimrudisha baada ya miezi sita atakosea kidogo tu, lakini mfungaji anapoteza ile nusu sekunde. Mpira ukimfikia anaanza kufikiri, na akishafikiri kipa ameshatoka golini.

Wakanipeleka kwa mkopo, mechi ya tatu goti likaenda, kano ya mbele. Timu iliyonimiliki ikasema aliumia kwenu, iliyonikopa ikasema ni mchezaji wenu. Operesheni nililipiwa na shemeji. Kwenye mkataba wangu neno "matibabu" halikuwepo, na mimi siku ile nilisoma ukurasa wenye kiasi cha pesa tu.

Kona Fupi

Pole sana Goti, ila sikubaliani na wewe kwamba timu kubwa ni kaburi. Clement Mzize alikulia timu ya vijana ya Yanga wakati Fiston Mayele, straika Mkongo, ndiye mfalme pale mbele. Hakukimbia. Alikuwa anaingia dakika za mwisho, anakimbia kama anafukuzwa, na msimu wa 2024/25 akamaliza na mabao 14 ya ligi.

Na Mayele mwenyewe mbona hatumtazami? Alikuja Yanga mwaka 2021 kutoka AS Vita, msimu wa 2022/23 akafunga 17 kwenye ligi na kuibuka mfungaji bora wa Kombe la Shirikisho Afrika, Pyramids wakamchukua. Sasa ana medali ya Ligi ya Mabingwa ya 2025. Wamisri hawakumuona kwenye mechi ya mkoani saa kumi jioni. Walimuona kwenye michuano ya Afrika, na michuano hiyo inachezwa na timu kubwa. Samatta vilevile, TP Mazembe ya Kongo walivutiwa naye baada ya kukutana na Simba mwaka 2011.

Mzee wa Kanuni

Naomba nishughulike na huyo wakala kwanza, maana hapo ndipo kiwanja kilipo.

Leseni ya uwakala ya FIFA hupewa mtu aliyefanya mtihani na kufaulu. Haipewi kampuni. Kama karatasi aliyokuonyesha ina muhuri wa kampuni na haina jina la mtu mwenye leseni, hiyo ni karatasi tu. Majina ya wenye leseni yapo kwenye tovuti ya FIFA, andika jina lake utazame.

Wakala wa kweli hula kwenye asilimia baada ya mchezaji kusaini na kulipwa. Anayekula kabla ni dalali, tena wa wale vishoka. Na klabu inayomtaka mchezaji kwa majaribio inamwandikia barua yenye jina la klabu, tarehe na mtu wa kuwasiliana naye, na ubalozi hauulizi habari za faili lolote. Muulize: nani kakuandikia? Nipe namba ya ofisi ya klabu nipige mwenyewe. Utaona atakavyokuwa bize ghafla.

Swali moja: dogo ameshasaini chochote na huyo mtu?

Koni na Filimbi

Mimi nafundisha vijana, mambo ya sheria nawaachia wenyewe. Mkuu, mabao 11 katika mechi ngapi? Penalti ngapi? Mguu gani? Alifunga akiwa wapi? Hamuwezi kumchagulia timu straika kabla hamjajua ni straika wa namna gani. Watu wanadhani namba tisa ni kitu kimoja.

Maghorofani

Kwanza mimi ni dada, sio mkuu, hahaa. Lakini endeleeni tu, nimeshazoea.

Mzee wa Kanuni, umenishtua. Nimemuuliza dogo usiku huu huu. Amesaini. Kaipiga picha ile karatasi kanitumia. Inasema uwakala wa miaka 5, "unaojirefusha wenyewe". Kuna muhuri wa kampuni, jina la mtu hakuna. Alisaini hotelini Dar baada ya kununuliwa viatu. Nimelia kidogo, nimemaliza.

Koni, bahati yako umemuuliza mwenye daftari. Naandika mechi zake zote tangu akiwa na miaka 16, baba alinianzishia kabla hajafariki. Mechi 24, alianza 21. Mabao 11: penalti 3, yaliyobaki 8. Katika hayo 8, sita alifunga kwa mguso mmoja, mawili ya kichwa. Yote manane ndani ya boksi. Hakuna hata moja alilokokota mpira kutoka mbali. Saba yalitokana na krosi, na tano kati ya hizo alipiga winga yuleyule wa kushoto.

Koni na Filimbi

Dada, hilo daftari usilipoteze. Kuna makocha wa Ligi Kuu hawana rekodi kama hiyo.

Sasa sikiliza. Mdogo wako ni mmaliziaji wa ndani ya boksi. Huyu hatengenezi bao peke yake, anasubiri mpira ufike na yeye yuko mahali sahihi. Hicho ni kipaji, tena kigumu kufundisha, ila kina sharti: lazima kuwe na mtu wa kumpigia krosi. Mpeleke kwenye timu inayocheza na mawinga wanaoingia ndani kupiga mashuti wenyewe, atamaliza mechi ameugusa mpira mara tisa na mashabiki watasema mvivu. Simon Msuva wa Yanga ya wakati ule tofauti, yeye alikuwa winga mwenye mbio anayefunga, msimu wa 2014/15 alikuwa mfungaji bora akitokea pembeni. Msuva unamtupa popote anajitafutia. Wa kwenu sivyo.

Kwa hiyo ningeacha kuuliza "timu gani kubwa" nikauliza "nani atampigia mpira". Katafute mechi tano za mwisho za hiyo timu ya mkoani, hesabu krosi. Kisha fanya hivyohivyo kwa ile ya Dar.

Kona Fupi

Koni umesema vizuri, ila kocha aliyekuja na basi la abiria akifukuzwa mwezi wa kumi na moja? Ligi yetu mnaijua. Anakuja mwingine na straika wake mkononi.

Koni na Filimbi

Akifukuzwa amefukuzwa. Dogo atakuwa ameshacheza mechi kumi za Ligi Kuu, na mabao hayafukuzwi. George Mpole alikuwa Geita Gold, si Kariakoo kwa Simba na Yanga, na msimu wa 2021/22 akawa mfungaji bora kwa mabao 17 mbele ya Mayele huyohuyo wako. Kisha akavuka kwenda Lupopo, klabu ya Lubumbashi, Kongo.

Mswahili wa Antwerp

Niko Ubelgiji mwaka wa 12. Nimeona vijana wa Afrika wakiletwa huku kwa "majaribio" na kuachwa kituo cha treni na begi. Viza ikiisha wanafanya kazi jikoni kwa kujificha, aibu inawazuia kurudi nyumbani. Si hadithi, mmoja alilala kwangu miezi miwili.

Wajomba wanaosema mtoto akawe Samatta wahesabu miaka. Simba, kisha karibu miaka mitano Mazembe na Ligi ya Mabingwa Afrika ya 2015, ndipo Genk ya huku Ubelgiji Januari 2016 akiwa na miaka 23. Hakuja kujaribiwa na mtu, alikuja amenunuliwa. Akakaa tena, 2019 akachukua ubingwa wa Ubelgiji na mabao 23 ya ligi, ndipo Aston Villa Januari 2020. Kutoka Simba hadi Uingereza ni kama miaka 9. Watu wanakumbuka lile goli la fainali ya Kombe la Ligi dhidi ya Manchester City tu, hiyo miaka 9 hawaioni.

Kibra Ndani

Sasa dada, salamu kutoka Nairobi. Niongeze ya Michael Olunga, straika wetu wa Kenya. Huyu alianza Tusker, Thika United, halafu Gor Mahia, na shule hakuacha, alisomea uhandisi pale Technical University. 2016 akaenda Sweden, Djurgården. Baadaye China, Girona, kisha Japan. Kule Girona, Hispania, alifunga hat-trick dhidi ya Las Palmas lakini hawakubaki naye. Akakubali kushuka daraja na Kashiwa Reysol, na 2019 akafunga mabao manane kwa mechi moja. Manane! Mwaka uliofuata, daraja la kwanza, 28 na mchezaji bora wa ligi. Kushuka si kufa. Mwambie kijana asione haya ya timu ndogo.

Na kama aliachia shule kidato cha nne, mwambie pia hilo liko kwa meza.

Mzee wa Kanuni

Dada, futa machozi. Kanuni za FIFA za mawakala haziruhusu mkataba wa mchezaji na wakala kuzidi miaka 2, wala kujirefusha wenyewe. Na asiye na leseni hana uwezo wa kumfunga mtu. Muandikieni barua fupi kuwa hamtambui uwakala huo, mbaki na nakala. Msibishane naye kwenye simu. Viatu mrudishieni kama vinamuuma.

Kwa mkataba mtakaosaini, angalieni haya kabla ya kiasi cha pesa. Matibabu yawe yameandikwa, pamoja na akiumia akiwa kwa mkopo (Goti Bovu atakuelewesha kwa nini). Kipengele cha klabu kurefusha mkataba peke yake bila idhini yake kitolewe. Tarehe ya mshahara iwepo, kwa sababu wakikaa na mishahara ya miezi miwili, kanuni za FIFA zinamruhusu awaandikie kudai, awape siku 15, wasipolipa avunje mkataba kwa haki. Bila ushahidi wa maandishi utaimba peke yako. Na nakala moja ibaki nyumbani siku hiyohiyo, si "tutakutumia".

Mkataba wa mwaka mmoja msiudharau. Miezi sita ya mwisho anaruhusiwa kuzungumza na timu nyingine. Akifunga kuanzia Agosti, Januari ninyi ndio mtakaokuwa mnachagua.

Goti Bovu

Na mumuulize yeye. Kila mtu anamuamulia humu, mimi pia. "Nyie amueni" nilikuwa naisema hivyohivyo, maana yake nilikuwa naogopa.

Maghorofani

Narudisha majibu, wiki mbili zimepita.

Nilifanya alivyosema Koni. Nimekaa na dogo tukatazama mechi tano tano. Timu ya mkoani: beki wao wa kushoto anapanda kila mara, nimehesabu krosi 19 mechi moja. Ile ya Dar wanapita katikati, mpira unapigwa pasi hadi golini. Dogo alinyamaza muda mrefu, kisha akasema, "Dada, pale Dar mimi nitakuwa nasimama tu." Hilo ndilo neno refu alilowahi kuniambia kuhusu mpira wake.

Wakala nilimuomba namba ya klabu. Akasema mimi sijui mambo ya mpira, niwaachie wanaume. Jina lake halipo kwenye orodha ya FIFA. Barua tumetuma, viatu tumetuma pia, namba 42, kwa basi.

Mama mkubwa hanisalimii. Anasema nimemfungia mtoto mlango wa Ulaya. Hati nimeihamishia kwa rafiki yangu hadi hasira zipoe.

Amesaini mkoani, mwaka mmoja. Tulipigania matibabu yakaandikwa. Laki 7 tuliomba iwe laki 8 wakakataa, wakaongeza bonasi ya bao. Kaondoka jana alfajiri.

Kona Fupi

Nimeshindwa hoja, ila nitakuja kumzomea akicheza na timu yangu. Kachukua jezi namba ngapi?

Maghorofani

27. Tisa ina mwenyewe, na mwenyewe ni nahodha.